Carl Stalling: Mzee wa muziki wa katuni

Wadau, Bugs Bunny mnamjua. Daffy Duck naye mnamjua. Haya, ule muziki unaopanda mtu akipanda ngazi na kuporomoka naye akidondoka, aliyeupanga mnamjua? Wengi hapo kimya. Basi huyo ni Carl Stalling.

Jamaa alizaliwa mwaka 1891 Lexington, jimbo la Missouri, Marekani. Enzi za filamu bubu alikuwa akipiga kinanda katika jumba la sinema la Isis, Kansas City. Si kazi ya mchezo bwana. Umekaa gizani, macho kwenye pazia, mikono kwenye kinanda. Wakikimbizana unaweka wimbo wa mbio, wakipendana unaweka wa mapenzi, na hakuna kusimama. Kichwani uwe na nyimbo kibao za watu na ujue ipi inakaa wapi.

Kansas City ndiko alikofahamiana na kijana mchora katuni, Walt Disney. Mwaka 1928 Disney akampa muziki wa filamu za mwanzo za Mickey Mouse. Stalling akaja na wazo lake: muziki uanze, michoro iufuate. Mwaka 1929 ikatoka The Skeleton Dance, mifupa inacheza makaburini, na ndani yake kachomeka kipande cha Grieg, mtunzi wa Norway. Mwaka 1930 akaondoka kwa Disney.

Mwaka 1936 akaingia Warner Bros., akakaa mpaka 1958. Miaka 22, katuni zaidi ya 600! Alikuwa na okestra ya watu kama 50, na rundo la nyimbo ambazo haki zake zilimilikiwa na kampuni hiyo hiyo. Mara nyingi alichagua kwa jina la wimbo. Akipita mwanamke wa gauni jekundu, unasikia The Lady in Red. Mwongozaji Chuck Jones hakuupenda sana mtindo huo, maana nyimbo nyingine zilikuwa za zamani mno, mtazamaji haujui wimbo wala utani wenyewe.

Sasa hapa ndipo penye neno. Mwaka 1937 mwanamuziki Raymond Scott alitoa kibao kinaitwa Powerhouse. Mwaka 1943 Warner wakanunua haki za nyimbo zake, na Stalling akaanza kukichomeka kila penye mashine na kiwanda. Scott hakukitunga kwa ajili ya katuni hata siku moja. Watoto dunia nzima wanakijua, lakini kwenye maandishi ya mwanzo wa katuni jina lilikuwa la Stalling.

Aliiba? Hapana, haki zilinunuliwa kihalali. Na kukata sekunde chache za wimbo wa mtu zikae sawasawa na sungura anavyoruka ni ufundi, tusimnyime mzee haki yake. Ila pesa ikishalipwa, jina nalo lina deni lake.

Stalling mwenyewe deni hilo lilimpata. Alifariki mwaka 1972, na albamu iliyokusanya muziki wake wa Warner, The Carl Stalling Project, ikatoka mwaka 1990. Miaka 18 yuko kaburini!

Nyie mnaokata na kuunganisha midundo ya watu kwenye kompyuta, mnasemaje? Jina la mwenye wimbo mnaliandika? Kazi kwenu wadau.