Flo Hyman: Urefu wenye ulimuinua, na ugonjwa wenye hakuna mutu alitambua

Ukiuliza watu wa voleboli ya zamani ni mwanamuke gani alikuwa anapiga mupira kwa nguvu kupita wengine, wengi watakutajia jina la Flo Hyman. Jina lake kamili lilikuwa Flora Jean Hyman. Alikuwa Mumarekani mweusi, mwenye urefu wa metre 1 na sentimetre 96. Alicheza miaka kumi mu ekipe ya taifa ya Marekani, akapata medali ya feza ku Michezo ya Olimpiki ya 1984, kisha akaenda kucheza kwa malipo ku Japani. Huko njo alikufia, tarehe 24 Mwezi wa 1, 1986, siku ya mechi. Alikuwa na miaka 31 tu.

Ugonjwa wenye ulimuua alizaliwa nao. Moja kati ya alama zake ilikuwa inaonekana na kila mutu: ni ule urefu wenye watu walikuwa wanashangilia mu viwanja.

Mutoto wa Inglewood

Flo Hyman alizaliwa tarehe 31 Mwezi wa 7, 1954, mu muji wa Inglewood, karibu na Los Angeles, jimbo la California. Alikuwa mutoto wa pili mu familia ya watoto 8. Baba yake alikuwa anafanya kazi ya usafi ku kampuni ya treni. Mama yake alifungua mukahawa mudogo. Haikuwa familia tajiri, lakini haikuwa familia ya kulala njaa.

Wazazi wake wote wawili walikuwa warefu, kwa hiyo watu hawakushangaa kuona watoto nao wanarefuka. Lakini Flo alipita kipimo. Wakati alifikisha miaka 12, alikuwa tayari na metre 1 na sentimetre 83. Ku miaka 17, alikuwa amefikia urefu wenye alibaki nao mupaka kufa. Kwa musichana wa ile miaka, jambo hilo lilikuwa muzigo. Alikuwa anasikia haya, na watu wa nyumbani walipashwa kumutia moyo ili asimame wima na asifiche mwili wake.

Voleboli njo ilimufanya apende urefu wake. Alianza kwa kucheza ku muchanga wa pwani pamoja na dada yake. Mu voleboli ya wanawake, wavu unawekwa ku metre 2 na sentimetre 24. Wengine wanaruka sana ili mukono upite juu ya wavu. Yeye, akiruka, alikuwa anaona kiwanja chote cha wapinzani. Smashi yake ilikuwa inashuka kwa nguvu kubwa, na wachezaji wengi waliogopa kuipokea.

Bursi ya kwanza kwa musichana

Mu 1972, Marekani ilipitisha sheria yenye kujulikana kwa jina la Title IX. Sheria hiyo ilikataza shule na vyuo vyenye kupokea feza za serikali kuu kubagua wanafunzi juu ya kuwa mwanaume ao mwanamuke, hata mu michezo. Mbele ya hapo, bursi za michezo zilikuwa karibu zote za wanaume.

Flo Hyman alikuwa wa kizazi cha kwanza chenye kufaidika. Alisoma kwanza mwaka moja ku chuo cha El Camino, kule California, kisha akapokelewa ku Chuo Kikuu cha Houston, mu jimbo la Texas. Huko akakuwa mwanamuke wa kwanza kupewa bursi ya michezo mu historia ya kile chuo. Alikuwa anasoma hesabu pamoja na elimu ya mazoezi ya mwili. Mu 1976 alichaguliwa kuwa muchezaji bora wa voleboli mu vyuo vya Marekani.

Lakini tangu 1974 alikuwa amekwisha kuingia mu ekipe ya taifa, na mambo hayo mawili hayakupatana. Mwishowe aliacha masomo mbele ya kupata diplome. Aliona kama masomo yanaweza kungoja, lakini miguu ya muchezaji haiwezi.

Miaka ya kungoja

Wakati aliingia mu ekipe ya taifa, voleboli ya wanawake ya Marekani haikuogopesha mutu. Wakubwa walikuwa Japani, Umoja wa Kisovieti na Cuba. Mu 1975, kwa muda wa miezi kazaa, ile ekipe haikuwa hata na antrenere. Wachezaji walikuwa wanajizoeza wenyewe. Ndipo akakuja Arie Selinger, mwanaume mwenye alizaliwa Poland, akaokoka mu kambi ya Wanazi akiwa mutoto, akakomalia Israeli. Selinger alikuwa mukali. Mazoezi yalikuwa ya saa mingi kila siku, na kwake hakukuwa muchezaji wa kupiga smashi tu. Kila mutu alipashwa kujifunza kulinda, kujitupa chini na kuinua mupira, hata yule murefu kuliko wote. Kwa mutu wa metre 1 na sentimetre 96, chini ni mbali. Flo alijifunza.

Matunda hayakukuja haraka. Mu 1976 Marekani ilikosa tikiti ya kwenda ku Olimpiki ya Montreal. Kisha ile ekipe ikapelekwa kuishi na kujizoeza pamoja mu Colorado, mwaka muzima, mwaka kwa mwaka. Mu 1978, ku Shampiona ya Dunia yenye ilifanyikia mu Umoja wa Kisovieti, walimaliza ku nafasi ya 5. Sasa walikuwa wanahesabiwa kati ya ekipe kubwa.

Halafu walipata tikiti ya Olimpiki ya Moscow, ya 1980. Flo alikuwa anaelekea miaka 26, umri wenye muchezaji wa voleboli anakuwa na nguvu na akili pamoja. Lakini mu Mwezi wa 12, 1979, wajeshi wa Kisovieti waliingia Afghanistan, na Rais Jimmy Carter akaamua kama Marekani haitaenda Moscow. Wachezaji walibaki nyumbani juu ya siasa yenye haikutoka mikononi mwao. Kuko wenye wangeacha. Flo Hyman na wenzake wengi walikubali kungoja miaka 4 ingine, na mazoezi yakaendelea.

Mu 1981, ku Kombe la Dunia lenye lilichezewa Japani, Flo alichaguliwa kati ya wachezaji 6 bora wa mashindano. Alikuwa Mumarekani wa kwanza mwanamuke kupata nafasi hiyo. Mu 1982, ku Shampiona ya Dunia kule Peru, Marekani ilipata medali ya shaba.

Los Angeles, 1984

Olimpiki ya 1984 ilifanyikia Los Angeles, pembeni kabisa ya Inglewood kwenye alizaliwa. Safari hii Umoja wa Kisovieti na Cuba njo walikataa kuja, kwa hiyo watu wengi waliona kama zahabu itagombaniwa na Marekani na China. China ilikuwa bingwa wa dunia, na nyota yake ilikuwa Lang Ping, mupiga smashi mwenye kuogopwa sawa na Flo mwenyewe. Watu walikuwa wanaenda kuangalia hawa wawili.

Mu mechi za makundi, Marekani ilipiga China seti 3 kwa 1. Lakini tarehe 7 Mwezi wa 8, ku fainali mu muji wa Long Beach, China ilirudi na nguvu ingine. Seti ya kwanza ilikuwa ya kuvutana mupaka mwisho, 16 kwa 14. Kisha Marekani ikavunjika: 15 kwa 3, na 15 kwa 9. Flo Hyman, mwenye alitimiza miaka 30 wakati wa ile michezo, alipanda ku podiumu na medali ya feza. Ilikuwa medali ya kwanza ya Olimpiki ya voleboli kwa wanawake wa Marekani. Kwake ilikuwa malipo ya miaka kumi, hata kama haikuwa ile rangi yenye alitafuta.

Wakati ule, jina lake alilitumia pia kwa jambo lingine. Mu 1984 Koti Kubwa ya Marekani ilipunguza nguvu ya Title IX kupitia uamuzi wa kesi moja ya chuo. Flo alienda Washington kutetea ile sheria mbele ya wabunge, akasimama upande moja na wanawake wenye kujulikana kama Coretta Scott King, mujane wa Martin Luther King. Sheria mupya ya kurudishia Title IX nguvu yake ilipita mu 1988. Hakuiona.

Kucheza kwa malipo ku Japani

Kisha Olimpiki, muchezaji kama yeye alikuwa na shida ya kweli: ku Marekani hakukuwa shampiona ya voleboli ya wanawake yenye inaweza kumulisha. Ku Japani ilikuwa tofauti. Kule makampuni makubwa yalikuwa na ekipe zao, viwanja vilikuwa vinajaa, na mechi zilikuwa zinapita ku televisheni. Flo akaenda kucheza mu ekipe ya Daiei, kampuni ya maduka makubwa. Wajapani walimupenda sana. Akaanza hata kupigwa picha za mitindo ya mavazi. Alikuwa anapanga kurudi kwao kabisa mu ule mwaka wa 1986, kisha musimu kuisha.

Tarehe 24 Mwezi wa 1, 1986, Daiei ilikuwa inacheza na Hitachi mu muji wa Matsue. Ilikuwa seti ya tatu. Antrenere akamutoa ili apumuzike kidogo, kama kawaida. Flo akakaa ku benchi, akaendelea kutia wenzake moyo, kisha akateleza kutoka ku benchi mupaka chini. Walimubeba na kumupeleka hospitali. Ile magaribi alikufa.

Mushipa wenye ulipasuka

Habari ya kwanza yenye ilitoka ilisema ni shida ya moyo. Lakini mwili wake ulirudishwa California, na waganga waliufungua ili kujua sababu. Moyo wenyewe ulikuwa muzima. Kile kilipasuka ni aota, mushipa mukubwa wenye kutoa damu ku moyo na kuipeleka mu mwili wote. Waliona pia damu yenye ilikuwa imegandama pale tangu wiki tatu hivi. Ni kusema aota ilianza kupasuka mbele, na yeye akaendelea kucheza bila kujua.

Sababu yake ilikuwa ugonjwa wa Marfan, wenye kuitwa kwa jina la Antoine Marfan, munganga Mufaransa mwenye aliueleza mu 1896. Ni ugonjwa wa kurizi. Ile nyama yenye kushikanisha viungo vya mwili inakuwa zaifu, na aota inaweza kupanuka polepole mupaka ipasuke. Muzazi mwenye nao anaweza kuupitisha kwa mutoto, nusu kwa nusu. Lakini kuko watu wenye wanaupata bila muzazi yeyote kuwa nao. Inakadiriwa kama mutu 1 kati ya 5000 hivi anao. Alama zake ni urefu wa kupita familia, mikono na miguu mirefu, vidole virefu na vyembamba, kifua chenye kuingia ndani ao kutokea inje, uti wa mugongo wenye kupinda, na macho yenye kuona mbali kwa shida.

Kuwa murefu peke yake haiko ugonjwa. Lakini alama hizo zikikutana kwa mutoto moja, echografi ya moyo inaweza kuonyesha kama aota imepanuka. Kuko dawa za kupunguzia mushipa muzigo, kuko upasuaji wa kubadilisha sehemu yenye imepanuka, na kuko michezo yenye mutu kama huyo anapashwa kuacha. Flo Hyman alipimwa urefu maelfu ya mara. Hakuna mutu alimupima kwa kutafuta ugonjwa huo. Kisha kifo chake, waganga walipima ndugu zake. Kaka yake moja alipatikana na ugonjwa huohuo na akapasuliwa kwa wakati.

Alizikwa Inglewood, muji wenye alizaliwa. Mwaka wenye ulifuata, 1987, Marekani ilianza kuazimisha kila mwaka siku ya wasichana na wanawake mu michezo, kwa ukumbusho wake. Mu 1988 jina lake liliingizwa mu Nyumba ya Heshima ya voleboli. Lang Ping, yule mupinzani wake, akakuwa antrenere wa wanawake wa Marekani na kuwapatisha medali ya feza ku Beijing mu 2008. Zahabu ya kwanza ya wanawake wa Marekani ilikuja mu Mwezi wa 8, 2021, ku Tokyo, mu ileile inchi yenye Flo alichezea mechi yake ya mwisho.

Kwa waantrenere na wazazi, habari ya maisha yake inaacha ulizo moja la kila siku. Wakati mutoto murefu anaingia mu kiwanja, watu wote wanaangalia namna anaruka. Ni vizuri mutu moja aangalie pia vidole vyake, kifua chake na mugongo wake, na akiona alama zinakutana, amupeleke kwa munganga mbele ya kumupatia mupira.