Galileo Galilei na njia ya jiwe linalotupwa

Ukitupa jiwe, linapita njia gani mpaka kufika chini? Zamani, walimu wengi wa Ulaya walifundisha eti linaenda kwanza moja kwa moja, nguvu ya mkono ikiisha njo linaanguka. Mwaka wa 1537, Mwitaliano Niccolò Tartaglia aliandika kwamba risasi ya mzinga inafika mbali zaidi ukiinua mdomo wa mzinga kwa digrii 45. Hapo alisema kweli. Lakini michoro yake ilikuwa ingali na mstari ulionyooka, kisha kipande cha duara, kisha kuanguka wima. Aliyekuja kunyoosha mambo hayo alizaliwa Pisa, tarehe 15 Februari 1564: Galileo Galilei.

Baba yake Vincenzo alikuwa mpiga muziki, na mali haikuwa nyingi. Alimutuma kijana kusomea udaktari, lakini Galileo akapenda hesabu, akaacha chuo mwaka wa 1585 bila diploma. Baba alipokufa mwaka wa 1591, mzigo wa familia ukamwangukia yeye, mtoto wa kwanza. Huko kwao, wakati ule, si mwanaume aliyetoa mali ya ndoa, ilikuwa familia ya binti. Basi mwalimu huyu wa Padua alikuwa akikimbizwa na madeni ya ndoa za dada zake. Akapangisha vyumba kwa wanafunzi na kuuza vyombo vya kupimia.

Katika miaka hiyo ya Padua njo alifanya kazi yake kubwa. Kitu kinachoanguka kinaenda mbio sana, na saa ya kuhesabu sekunde haikuwepo. Akachonga mfereji katika ubao mrefu, akaulaza kwa mwinamo mdogo na kuteremsha ndani yake kipira cha shaba. Mwinamo ule ulipunguza mbio. Kwa kupima muda, aliacha maji yatiririke katika kikombe kupitia bomba jembamba, kisha akayapima kwa mizani: maji mengi, muda mrefu. Akakuta kwamba muda ukiwa mara mbili, umbali unakuwa mara nne. Muda ukiwa mara tatu, umbali mara tisa.

Karibu mwaka wa 1608, akaacha kipira kiteremke na kuruka kutoka ukingo wa meza, akipima kilipoangukia. Kumbe ndani ya mwendo mmoja mna miendo miwili. Mmoja unaenda mbele, mbio zake hazibadiliki. Mwingine unashuka, mbio zake zinaongezeka kila nukta. Na mmoja hausumbui mwingine hata kidogo.

Chukua jiwe linalotupwa kwa usawa kutoka mahali pa juu sana, kwa mbio za meta 10 kwa sekunde. Tuache upepo kando. Baada ya sekunde 1, limeenda mbele meta 10 na kushuka karibu meta 5. Baada ya sekunde 2, mbele 20, chini 20. Baada ya sekunde 3, mbele 30, chini 45. Unganisha alama hizo: kona hakuna. Ni upinde ambao wana hesabu wanauita parabola, na Wagiriki wa kale walikuwa wanaujua zamani, bila kujua kwamba kila jiwe linauchora hewani.

Ajabu ni kwamba alikaa na siri hiyo bila kuichapisha. Mwaka wa 1609 alitengeneza darubini, na Januari 1610 akaona miezi minne ya sayari ya Jupiter. Tangu hapo mbingu zikamchukua akili. Halafu mwaka wa 1632, mwanafunzi wake Bonaventura Cavalieri akatoa kitabu, na ndani yake ile parabola. Galileo alikasirika sana, juu aliona matunda ya miaka 40 yanachumwa na mtu mwingine. Cavalieri hakuwa mwizi. Alikuwa amemtaja mwalimu wake, na alidhani jambo lilishajulikana. Aliomba msamaha, wakapatana.

Lakini hasira hiyo ilikuwa ndogo mbele ya yaliyokuja. Mwaka uleule aliitwa Roma, kwa sababu ya kitabu chake kilichotetea kwamba dunia inazunguka jua. Tarehe 22 Juni 1633, tribinali ya Kanisa ilimlazimisha kupiga magoti na kukana. Akafungiwa nyumbani, Arcetri, karibu na Firenze. Mwaka uliofuata akafa binti yake mkubwa, Maria Celeste, mtawa, aliyekuwa akimwandikia barua na kumfariji.

Mzee wa miaka 70, mfungwa, mwenye kilio. Hapo ndipo alirudia makaratasi ya Padua. Kitabu kilikatazwa kuchapishwa Italia, kikatoroshwa mpaka Leiden, Uholanzi, kikatoka mwaka wa 1638. Sehemu yake ya nne ni ya vitu vinavyotupwa. Inahakikisha kwa hesabu zile digrii 45 za watu wa mizinga, na inaonyesha kwamba digrii 40 na digrii 50 zinafika mahali pamoja. Pia alikubali wazi kwamba hewa inaharibu kidogo upinde huo.

Kitabu kilipotoka, Galileo alikuwa amekuwa kipofu. Hakukisoma. Alikufa tarehe 8 Januari 1642, akazikwa katika chumba kidogo cha kanisa la Santa Croce, kwa kuwa wakuu wa Kanisa walikataa asijengewe kaburi la heshima. Alihamishiwa ndani ya kanisa kubwa mwaka wa 1737.