Kipofu wa Wuxi na Nyimbo Zake Sita

Mapema mwezi wa Septemba mwaka 1950, wataalamu wawili wa muziki, Bwana Yang Yinliu na Bibi Cao Anhe, walikwenda kumtafuta kipofu mmoja katika mji wa Wuxi, huko Uchina. Walichukua mashine ya kunasa sauti katika uzi wa madini. Kipofu huyo, Hua Yanjun, ambaye mji mzima ulimwita Abing, alikuwa mgonjwa, na yapata miaka miwili hakuwa amegusa chombo cha muziki. Hata vyombo vyenyewe hakuwa navyo vya kufaa, ilibidi aazimwe. Aliomba siku chache za kuizoesha mikono yake, kisha akapiga. Siku hizo chache ndizo zilizomwokoa asisahauliwe kabisa.

Alizaliwa mwaka 1893 katika mji huohuo wa Wuxi, jimbo la Jiangsu, si mbali na Shanghai. Baba yake, Hua Qinghe, alikuwa kuhani wa dini ya Tao, na makuhani wa huko lazima wawe wapigaji hodari, maana maziko na sala za kuombea heri haziendi pasipo ngoma, zumari na vinanda. Mtoto akafundishwa na babaye ngoma, filimbi ya mwanzi, pipa ambayo ni kinanda cha nyuzi nne chenye umbo karibu na la udi, na zaidi ya vyote akafundishwa erhu.

Hapa yafaa tutue kidogo, ndugu msomaji, maana habari ya Abing ni habari ya erhu pia. Aliyepata kuliona zeze la Wagogo hatapata taabu kuifahamu. Ni kijisanduku cha mti kilichowambwa ngozi ya chatu, mpini mrefu, na nyuzi mbili tu. Na nywele za upinde hupita katikati ya nyuzi hizo, hata upinde na chombo haviachani. Uchina una muziki wa maelfu ya miaka, lakini muziki huo haukuketi wote mahali pamoja. Wenye elimu walikuwa na qin yao ya nyuzi saba, ambayo kwa karne nyingi iliandikiwa nyimbo zake vitabuni na kupigwa katika vyumba vya faragha. Wafalme walikuwa na vikundi vyao vya ibada na karamu. Vinanda vya upinde vilitoka kwa makabila ya kaskazini, vikaingia katika michezo ya kuigiza, vilabuni na mikononi mwa waombaji. Basi mtu mwenye heshima zake hakupenda kuonekana navyo. Ndiyo sababu nyimbo za watu hao hazikuandikwa. Zilikaa kichwani mwa mpigaji, naye alipokufa alikwenda nazo.

Mtu wa kwanza kuitia erhu katika chuo kikuu alikuwa Liu Tianhua, aliyeanza kufundisha Peking mwaka 1922 na kuitungia nyimbo kumi. Naye alikufa mwaka 1932, akiwa na umri wa miaka 37, kwa homa aliyoambukizwa alipokuwa akikusanya muziki wa wapiga ngoma wa mitaani.

Turudi kwa Abing. Baada ya baba yake kufariki alirithi kazi ya hekalu, lakini hakuitunza. Baadhi ya waliosimulia maisha yake walipenda kumfanya mtakatifu aliyeonewa na kila mtu. Kwa maoni yangu hawakumtendea haki. Abing alivuta kasumba, aliandama wanawake, akapata kaswende, na maradhi hayo yakamla jicho moja kisha la pili. Alipokwisha kupofuka hakuwa na hekalu tena wala shamba. Alikuwa na erhu begani na mkewe, Dong Cuidi, wa kumshika mkono.

Ndipo alipokuwa msanii wa watu. Kila siku alisimama katika uwanja wa karibu na hekalu la Chong'an, akawaimbia wapita njia habari za siku ile: nani kadhulumu, nani kala fedha za umma, vita vimefika wapi. Wasiojua kusoma walipata gazeti lao masikioni. Mabwana wakubwa wa mji aliwataja bila kuwaogopa, na Wajapani walipoishambulia Uchina mwaka 1937 aliwaimba vivyo hivyo. Usiku aliporudi nyumbani alikwenda akipiga njiani, na huo wa usiku haukuwa na maneno.

Wimbo mmoja wa namna hiyo ndio alioupiga mbele ya mashine. Alipoulizwa jina lake, hakuwa nalo. Yeye aliupiga tu. Katika mazungumzo ukapewa jina la Erquan Yingyue, maana yake mwezi uonekanao katika Chemchemi ya Pili, kwa ajili ya chemchemi maarufu ya kilima cha Huishan hapo Wuxi. Nyuzi zake za hariri zilikuwa nene na sauti yake nzito. Wimbo unapanda, unashuka, unarudi ulikotoka kila mara ukiwa umebadilika kidogo, kama mtu aeleaye na mzigo asioweza kuutua.

Zilinaswa nyimbo tatu za erhu na tatu za pipa. Abing alijua mamia. Wageni wakaondoka wakikusudia kurudi, kwa kuwa hawakuona haja ya haraka. Mwezi wa Desemba mwaka uleule Abing akafariki, na zote zilizosalia zikazikwa.

Hizo sita zilienea kuliko alivyopata kutembea mwenyewe. Erquan Yingyue hufundishwa katika vyuo vya muziki, na mwaka 1978 Seiji Ozawa, Mjapani mwongozaji mashuhuri wa okestra, alipousikia mjini Peking alitokwa na machozi. Kaburi la Abing liko Wuxi, chini ya kilima cha Huishan, karibu na chemchemi ile.