Hazrat Imam Shafii na Misingi ya Sheria

Msomaji mpenzi, ukimwuliza Mwislamu wa Lamu, wa Mombasa au wa Unguja anafuata madhehebu gani, mara nyingi atakujibu bila kusita kwamba yeye ni Shafii. Ukimwuliza tena huyo Shafii alikuwa nani, huenda akakutajia kunuti ya sala ya alfajiri, au akakwambia kwamba mwanamume akigusana na mkewe udhu wake hutenguka, na hapo maelezo yake yatakoma. Mambo hayo ni kweli yamo katika madhehebu hayo, lakini ni matawi. Kazi kubwa ya mtu huyu ilikuwa kwenye shina. Yeye aliuliza swali ambalo kila kadhi na kila mufti angependa asiulizwe: mtu anapotamka kwamba jambo hili ni halali na lile ni haramu, anatamka kwa haki gani? Na sisi tunaomsikiliza tutajuaje kwamba hiyo ni sheria ya Mwenyezi Mungu, wala si matakwa ya nafsi yake aliyoyavika kanzu ya sheria?

Jina lake ni Muhammad bin Idris, na kuniya yake Abu Abdillahi. Alikuwa Mkureshi wa ukoo wa Muttalib, na nasaba yake inakutana na ile ya Mtume Mtukufu s.a.w. kwa babu yao Abdu Manafi. Alizaliwa Gaza, katika nchi ya Palestina, mwaka 150 Hijria, sawa na 767, na huo ndio mwaka aliofariki Imam Abu Hanifa r.h. Baba yake alikufa yeye angali mchanga. Mama yake, mwanamke wa kabila la Azdi, alikuwa fukara, lakini aliogopa jambo moja kuliko ufukara: kwamba mwanawe atakulia mbali na jamaa zake na nasaba yake ipotee. Basi alimchukua akiwa na umri wa miaka kama miwili, akaenda naye Makka.

Inasimuliwa kwamba mama huyo hakuwa na cha kumlipa mwalimu wa chuoni, na mwalimu akaridhika mtoto amsaidie kuwaangalia wanafunzi wenzake kila yeye anapoondoka. Karatasi ilikuwa ghali, kwa hiyo mtoto aliandika masomo yake juu ya mifupa na vigae, akavijaza katika mtungi wa nyumbani. Alihifadhi Kurani Tukufu akiwa bado mdogo. Kisha akatoka mjini akaishi na Wahudhaili, mabedui waliosifika kwa ufasaha wao, akajifunza lugha yao na mashairi yao hata wataalamu wa lugha wakawa wanakuja kuyasoma kwake. Nakuomba, msomaji, ulikumbuke jambo hili la lugha, maana baadaye lilizaa matunda makubwa.

Aliporudi Makka alisoma kwa mufti wa mji ule, Muslim bin Khalid, aliyejulikana kwa lakabu ya Az-Zanji. Halafu akahifadhi kitabu cha Muwatta na kwenda Madina kukisoma mbele ya mtungaji wake mwenyewe, Imam Malik bin Anas r.h. Alimpenda mwalimu huyu mapenzi makubwa, na aliendelea kunufaika naye mpaka Imam Malik alipofariki mwaka 795.

Baada ya hapo alihitaji riziki. Akapata kazi ya serikali huko Yemen, na inasimuliwa kwamba hata nauli ya safari hiyo ilipatikana kwa kuweka nyumba rehani. Alifanya kazi Najrani kwa uadilifu, wala hakukubali kuhongwa, na uadilifu wa namna hiyo haukosi maadui. Akashtakiwa kwa Khalifa Harun Ar-Rashid kwamba yumo katika njama za watu wa kizazi cha Hazrat Ali r.a. za kuupindua utawala. Akafungwa minyororo pamoja na wengine, akapelekwa Iraki. Wapokezi wanasimulia kwamba wenzake waliuawa, naye akaokoka kwa ufasaha wa kujitetea na kwa sababu Muhammad bin Al-Hasan Ash-Shaibani, mwanafunzi mashuhuri wa Imam Abu Hanifa na kadhi aliyeheshimiwa na Khalifa, alimnenea mema.

Hebu fikiri jambo hili. Mtu huyu alisimama mbele ya kiti cha enzi, na uhai wake ulikuwa unategemea rai ya mtu mmoja, kama amependezwa au amekasirika. Sisemi kwamba nadharia yake yote ilizaliwa siku ile. Lakini aliyewahi kusimama mahali pale anajua ni nini hukumu isiyo na msingi.

Badala ya kurudi kwenye kazi ya serikali alibaki Iraki akasoma kwa Shaibani huyohuyo, na alikuwa akieleza kwamba alichukua kwake elimu ya kutosha mzigo wa ngamia. Hivyo akawa na elimu za pande mbili zilizokuwa zikishindana. Wanavyuoni wa Hijazi walishikamana na Hadithi na desturi ya watu wa Madina. Wale wa Iraki walisifika kwa kutumia rai na kupima jambo kwa jambo. Kila upande uliucheka mwenzake. Kesi moja ikiamuliwa Kufa ingeweza kupata hukumu moja, na ikiamuliwa Madina ikapata nyingine, na kila kadhi alisema kwamba hiyo ndiyo sheria.

Abdurrahman bin Mahdi, mwanachuoni wa Basra, ndiye aliyemwomba aandike kitabu cha kueleza jinsi hukumu zinavyotolewa katika Kurani na Sunna. Yeye akamwandikia, na kwa sababu maandishi yale yalipelekwa kama barua, yakaitwa Ar-Risala. Baadaye alikiandika upya kitabu hicho huko Misri, na hicho cha pili ndicho kilichotufikia. Ndicho kitabu cha zamani kabisa tulicho nacho cha elimu ya usuli, yaani misingi ya sheria. Wanavyuoni wa Ulaya na Marekani nao wamekishughulikia sana: Joseph Schacht katika mwaka 1950 alimhesabu Shafii kuwa ndiye fundi mkuu wa elimu hiyo, na Wael Hallaq katika mwaka 1993 akapinga kwamba athari ya kitabu haikuonekana upesi kama ilivyodhaniwa. Hata hivyo hakuna anayekana ukubwa wa kazi yenyewe.

Sasa, kitabu hicho kinasema nini? Kinapanga daraja za hoja. Kwanza Kurani Tukufu, na pamoja nayo Sunna ya Mtume s.a.w. inayoifafanua; kisha ijmai, yaani mapatano; kisha kiyasi, yaani kupima jambo lisilotajwa kwa jambo lililotajwa. Mtu asiyesimama juu ya mojawapo ya hayo hana ruhusa ya kusema katika dini ya Mwenyezi Mungu.

Hapa ndipo ile lugha ya Wahudhaili ilipomfaa. Anaonyesha kwamba neno moja la Kiarabu huweza kuwa na maana ya watu wote, au ya baadhi yao tu. Katika Sura Aali Imran mna aya moja ambamo neno la watu limetajwa juu ya walioleta habari na pia juu ya waliokusanya jeshi, na wanaopewa habari hiyo nao ni watu; na hakuna mwenye akili atakayedhani kwamba binadamu wote wa duniani walikusudiwa. Basi asiyeijua lugha atahukumu kwa maneno ambayo hakuyafahamu.

Lakini mfano wake ulio bora, kwa maoni yangu, ni ule wa kibla. Aliyemo ndani ya Msikiti Mtakatifu wa Makka anaiona Al-Kaaba kwa macho yake, na ni juu yake kuielekea yenyewe hasa. Aliye mbali haioni. Je, asali popote apendapo? La. Mwenyezi Mungu amemwumbia nyota, jua, milima na pepo, akampa akili ya kuzisoma alama hizo. Naye ni juu yake kujitahidi kwa alama hizo mpaka aridhike kwamba ameelekea upande ulio sawa. Watu wawili wakijitahidi kwa uaminifu na wakahitilafiana, kila mmoja ataelekea alikoonyeshwa na ijtihadi yake, na kila mmoja atakuwa ametimiza wajibu wake, ingawa Al-Kaaba ni moja na haikuhama.

Tazama jinsi mfano huu unavyobeba mambo mawili kwa pamoja. Ukweli upo, nao ni mmoja. Kadhi hauumbi kwa kutamka kwake. Lakini binadamu hakulazimishwa kuupata ukweli uliofichika, bali amelazimishwa kuutafuta kwa dalili. Ndivyo ilivyo kwa hakimu anayepokea ushahidi wa mtu mwadilifu: anauona mwenendo wake wa dhahiri, na moyo wake haujui ila Mwenyezi Mungu. Na anayesali bila kuangalia nyota hana udhuru, hata kama kwa bahati ameelekea Makka.

Kwa ajili hiyo aliipinga vikali istihsani, yaani mtu kutoa hukumu kwa sababu tu imempendeza. Akatoa mfano wa sokoni: mtu akitaka kukadiria thamani ya mtumwa, kama ilivyokuwa desturi ya zama zile, hamwendei mtu asiyeijua bei ya siku hiyo, hata awe mwaminifu namna gani. Ikiwa hivyo ndivyo katika mali ya watu, vipi katika halali na haramu? Ni haki kuongeza kwamba wafuasi wa Imam Abu Hanifa walijibu kuwa istihsani yao si matamanio, bali ni kiyasi chenye sababu isiyoonekana upesi, na hoja yao si dhaifu. Lakini swali alilowauliza liliwalazimisha wao pia kuzitoa sababu zao mbele ya watu.

Wala usidhani kwamba kiyasi chake kilikuwa mchezo wa maneno. Kurani na Hadithi zimemwajibisha baba kumlisha mtoto asiyejiweza. Shafii akasema: mtoto ni wa baba, na baba hawezi kumwacha aangamie, basi baba naye akizeeka, akawa hana mali wala nguvu za kufanya kazi, ni wajibu wa mtoto kumtunza, kwa sababu ileile. Wazee wangapi wamekula chakula chao kwa haki, si kwa sadaka, kutokana na mstari huo wa kitabu!

Jambo lililomwumiza zaidi lilikuwa kumpinga Imam Malik. Malik alikuwa akiipa desturi ya watu wa Madina uzito mkubwa, hata mbele ya Hadithi iliyopokewa na mtu mmoja. Shafii akakumbusha kisa cha Kuba: watu walikuwa ndani ya sala wakielekea Baitul Mukaddas, akawajia mtu mmoja tu akawapa habari kwamba kibla kimegeuzwa, nao wakageuka hapohapo. Ikiwa habari ya mkweli mmoja ilitosha kuigeuza sala, vipi isitoshe kuigeuza desturi ya mji? Hata hivyo inasimuliwa kwamba aliisita kalamu mwaka mzima kabla ya kuandika juu ya hitilafu zake na mwalimu wake, na kwamba akaandika baada ya kusikia kuwa katika nchi za mbali wako watu waliokuwa wakiomba mvua kwa kofia ya Malik. Aliona kwamba mwanachuoni amekwisha kugeuzwa kuwa hoja mwenyewe.

Na kipimo alichowapimia wengine hakukiondoa kwake. Mnamo mwaka 814 alihamia Misri, akakaa Fustati. Huko aliyapitia upya mafundisho yake ya Baghdad na kuyabadilisha mengi, hata yakaitwa ya kale, na ya Misri yakaitwa mapya. Watu wengine husema alibadilika kwa kufuata desturi za Wamisri. Mimi sioni hivyo. Ukisoma kitabu chake Al-Umm utamwona akibadilika kwa kufuata hoja. Alikuwa mtu mwenye jina, mwenye wanafunzi mijini kote, naye akasema waziwazi kwamba alikosea. Mwanafunzi wake Al-Muzani, alipoufupisha mafundisho yake kitabuni, alianza kwa kumjulisha msomaji kwamba Shafii alikataza watu wamfuate yeye au mwingine kwa kufumba macho.

Madhehebu hayo yalisafiri mbali. Ibn Battuta alipopita katika pwani yetu mwaka 1331 aliwakuta watu wake ni Mashafii, na kitabu cha Minhaji cha Imam Nawawi, aliyefariki mwaka 1277, kikawa mikononi mwa makadhi wa Afrika Mashariki kwa vizazi vingi. Huko Cairo, Sultani Al-Kamil alijenga kuba kubwa juu ya kaburi la Imam mwaka 1211, na juu ya kuba hiyo pamewekwa mashua ya madini ambayo wageni huishangaa mpaka leo.

Siku zake za mwisho zilikuwa za taabu. Aliugua bawasiri, damu ikamtoka sana, naye hakuacha kusomesha na kusahihisha maandishi yake. Alifariki mwishoni mwa mwezi wa Rajabu mwaka 204 Hijria, yaani Januari 820, akiwa na miaka 54 kwa hesabu ya Kiislamu. Rabii bin Sulaiman, mwadhini wa msikiti wa Fustati, aliyetuhifadhia vitabu vyake, anasimulia kwamba walimzika siku ya Ijumaa, na walipokuwa wakirudi kutoka mazikoni wakauona mwezi mwandamo wa Shaabani.