Vieyra na Sinema ya Mwafrika

Mkoloni hakututawala kwa bunduki peke yake. Alitutawala kwa picha pia. Mwaka 1934 Ufaransa ilitoa amri kwamba mtu asipige picha za sinema katika makoloni yake ya Afrika bila kibali cha serikali. Paulin Soumanou Vieyra, aliyezaliwa Porto-Novo, Dahomey, mwaka 1925 na kusomea sinema Paris, alinyimwa kibali hicho. Hakukata tamaa. Mwaka 1955, yeye na wenzake walitengeneza Afrique-sur-Seine, wakionyesha maisha ya Waafrika huko huko Paris. Senegal ilipojitawala mwaka 1960, aliongoza sinema za habari za taifa hilo. Alifariki mwaka 1987. Wanachama na wafanyakazi, sisi twasema: asiyejipiga picha mwenyewe atatazamwa kwa jicho la bwana wake wa jana.