Sidi Mubaraka Bombay: Mtu Aliyeitwa kwa Jina la Mji



Shukrani zote zinamstahikia Allah (S.W), Mola wa walimwengu wote. Rehma na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W), jamaa zake, maswahaba zake na wote waliofuata mwenendo wao. Ama baad.

Ndugu wanafunzi, kama ilivyo ada ya jarida letu, kila mwaka tunawaletea historia ya mtu mashuhuri ili sote tupate mazingatio. Mara hii tumemchagua mtu ambaye vitabu vya historia vinamtaja sana lakini watoto wetu wa Temeke na Kinondoni hawamjui, ingawa alipita katika pwani yetu hii hii na akaikata nchi yetu kwa miguu zaidi ya mara moja. Huyo ni Sidi Mubaraka Bombay, aliyefariki mwaka 1885.

Sababu ya kumchagua tunaieleza wazi, maana inatuhusu sisi walimu kabla ya kuwahusu nyinyi. Kuna kijana alijiunga na madrasa yetu akitokea Tunduru. Siku ya kwanza tu wenzake wakamwita Tunduru, naye akaitika. Siku moja tulipokuwa tunaandaa majina ya wanaofanya mtihani, tukaita jina lake alilopewa na wazazi wake. Darasa zima likanyamaza. Wenzake walidhani ni mwanafunzi mgeni, na yeye mwenyewe alichelewa kuitika. Tulipofungua daftari la mahudhurio tukakuta kwamba hata sisi walimu tulikuwa tumemwandika Tunduru. Tuliona haya. Hapo ndipo tukamkumbuka Bombay.

KUZALIWA NA KUTEKWA KWAKE

Bombay alizaliwa miaka ya 1820 au karibu na hapo katika nchi ya Wayao, eneo ambalo leo liko katika mpaka wa Tanzania na Msumbiji. Jina alilopewa na wazazi wake halikuandikwa mahali popote, na hadi leo hakuna anayelijua.

Alipokuwa na umri wa kama miaka 12, umri wa wengi wenu mnaosoma juzuu za mwanzo, wafanyabiashara wa watumwa kutoka pwani walikizunguka kijiji chao. Walikuja na bunduki na mapanga wakidai walipwe madeni ya bidhaa walizokuwa wamewakopesha wanakijiji. Wanakijiji hawakuwa na cha kulipa. Waliopata nafasi wakakimbia, na wengine wakakamatwa. Kijana wetu alikuwa miongoni mwa waliokamatwa. Akapelekwa Kilwa, na huko akabadilishwa kwa nguo na kuwa mali ya mfanyabiashara wa Kiarabu. Kutoka Kilwa akapelekwa Unguja, kisha akavushwa bahari mpaka upande wa Gujarat nchini India. Huko aliishi utumwani miaka mingi, mpaka bwana wake alipofariki naye akapata uhuru wake.

Ndugu wanafunzi, hapa hatuna budi kusema kweli. Wengi wa walioifanya biashara ile katika pwani yetu walikuwa Waislamu wenzetu, waliosali na kufunga kama sisi. Dini haikuwatuma kuvizunguka vijiji na kukamata watoto. Dini imehimiza kumwacha mtumwa huru, imeifanya ibada hiyo kuwa kafara ya makosa mengi, na imekemea vikali kumuuza mtu huru na kula thamani yake. Walioyafanya yale waliyafanya kwa tamaa zao, na historia isifichwe kwa kuwa inatuuma.

MAANA YA MAJINA YAKE

Katika Kiarabu mtu huweza kuwa na ism, yaani jina lake hasa, na kun'ya, yaani jina la Abu fulani au Ummu fulani. Vilevile huweza kuwa na lakabu, yaani jina la sifa au la utani analopewa na watu. Majina yote matatu ya mtu wetu alipewa na watu wengine baada ya kutekwa.

La kwanza ni Sidi. Huko India na sehemu za Pakistan, Waafrika waliovushwa bahari na vizazi vyao huitwa Sidi au Shidi. Wengi husema neno hilo limetokana na neno la Kiarabu lenye maana ya bwana wangu. Basi tazameni ajabu hii: mtu aliyenunuliwa kwa nguo aliitwa kwa neno la bwana. Jamii ya Masidi ipo mpaka leo katika jimbo la Gujarat na majimbo mengine ya India, na wengi wao katika Gujarat ni Waislamu.

La pili ni Mubaraka, maana yake aliyebarikiwa. Linatokana na shina moja na neno baraka, na ndugu zake ni majina Mbaraka na Mabruki ambayo mnayasikia mitaani kwetu, hasa kwa wazee. Mabruki lilikuwa jina la kawaida sana la vijana wa utumwani, pamoja na Faraji, Baraka, Feruzi, Almasi na Marjani. Feruzi na Almasi ni mawe ya thamani, na marjani ni ya baharini na hufanywa pambo. Mabwana waliwapa watumwa majina mazuri ya heri na ya mapambo kama mtu anavyosifia mali yake. Jina lilikuwa zuri, lakini lilichukua nafasi ya jina lililotolewa na mama na baba.

La tatu ni Bombay, lakabu iliyotokana na mji mkubwa wa India ambao tangu mwaka 1995 unaitwa Mumbai. Aliporudi Unguja akiwa mtu huru, watu walimtambua kwa kule alikotoka, kama sisi tulivyomtambua kijana wetu kwa Tunduru. Lakabu hiyo ndiyo iliyobaki, na mpaka leo atafutaye habari zake humtafuta kwa jina la Bombay.

SAFARI ZAKE

Baada ya kurejea, Bombay aliingia katika jeshi la Sultani wa Zanzibar na kuwekwa katika kituo cha Chogwe karibu na Pangani. Mwanzoni mwa mwaka 1857 Waingereza wawili, Richard Burton na John Speke, walipita hapo na kumwajiri. Pamoja naye aliajiriwa mwenzake aitwaye Mabruki, ambaye Bombay alimwita ndugu. Ndugu hawa wawili hawakuchangia damu. Walichangia yaliyowapata, na hata majina yao ni ya shina moja.

Katikati ya mwaka huo msafara ulianza safari kutoka Kaole, karibu na Bagamoyo, ukafika Tabora mwezi Novemba na Ujiji mwezi Februari 1858. Speke hakujua Kiswahili wala Kiarabu, lakini alikuwa amefanya kazi ya jeshi India na alijua Kihindustani. Bombay naye alikuwa amejifunza lugha hiyo utumwani. Hivyo Speke alisema kwa Kihindustani, na Bombay akawafikishia watu wa msafara kwa Kiswahili, kisha akarudisha jibu. Kwa njia hiyo tarehe 3 Agosti 1858 walifika pamoja upande wa Mwanza, Burton akiwa amebaki Tabora, na Speke akaliona ziwa la Nyanza ambalo alilipa jina la malkia wao. Vitabu vingi vinasema Speke ndiye aliyeligundua ziwa hilo. Watu wa ziwani walikuwapo siku zote, na bila ya ulimi wa Bombay asingeweza hata kuuliza njia.

Mwaka 1860 Speke alirudi akiwa na mwenzake James Grant, na Bombay akawa miongoni mwa viongozi wa msafara. Walipita Karagwe na Buganda, wakafuata mto Nile mpaka Misri, wakafika Cairo mwaka 1863. Bombay na wenzake waliovumilia mpaka mwisho walirudi Unguja kwa njia ya bahari.

Mwaka 1871 Henry Stanley alimweka kuwa mkuu wa askari wa msafara uliokwenda kumtafuta David Livingstone, na wakamkuta Ujiji mwaka huo huo. Mwaka 1873 alitoka tena na Verney Cameron. Walipokuwa Tabora, Chuma na Susi walifika wakiuchukua mwili wa Livingstone kuupeleka pwani. Chuma naye alikuwa Myao aliyetekwa akiwa mtoto. Cameron na Bombay wakaendelea mbele mpaka mwezi Novemba 1875 walipoiona bahari ya Atlantiki karibu na Benguela, nchini Angola. Mtoto aliyefikishwa bahari ya mashariki akiwa bidhaa alifika bahari ya magharibi akiwa kiongozi wa watu. Inakadiriwa kuwa katika safari zake zote alitembea karibu kilomita 9,600, nyingi kwa miguu.

Isidhaniwe kwamba wakati wote aliheshimiwa. Speke aliwahi kumpiga ngumi mbele ya watu, na Stanley naye alimpiga. Katika vitabu vyao humsifu ukurasa mmoja na kumbeza ukurasa mwingine. Hata hivyo, kila mmoja aliyetaka kwenda bara alimtafuta yeye. Mwaka 1876 Jumuiya ya Kifalme ya Jiografia ya Uingereza ilimpa nishani ya fedha na malipo ya uzeeni. Alifariki mwaka 1885, miaka 12 baada ya soko la watumwa la Unguja kufungwa.

ZAYD NA BOMBAY

Habari za Bombay zinatukumbusha swahaba mtukufu Zayd bin Haritha (R.A). Naye alitekwa akiwa mtoto, akauzwa katika soko la Ukadh, akafika nyumbani kwa Mtume (S.A.W) kupitia kwa Bibi Khadija (R.A). Baba yake alimtafuta mpaka Makka. Zayd alipopewa hiari alichagua kubaki na Mtume (S.A.W), naye akamwacha huru na kumfanya mwanawe, hata watu wakamwita Zayd bin Muhammad. Hakuna nasaba yenye heshima kuliko hiyo. Lakini Allah (S.W) aliteremsha katika Suratul Ahzab, aya ya 5, amri kwamba watu waitwe kwa baba zao, na Zayd akarudi kuwa bin Haritha. Kisha katika aya ya 37 ya sura hiyo hiyo akatajwa kwa jina lake, na hakuna swahaba mwingine aliyetajwa kwa jina ndani ya Qur'an.

Tazameni basi. Zayd alirudishiwa jina la baba yake kwa wahyi. Bombay hakukuwa na mtu wa kumrudishia lake, kwa sababu katika wote waliosafiri naye na kuandika vitabu vinene, hakuna aliyeliandika.

MAFUNZO TUNAYOYAPATA

Mosi, jina ni haki ya mtoto. Mtume (S.A.W) alibadilisha majina yenye maana mbaya, na miongoni mwao ni la mwanamke aliyeitwa Asiya kwa maana ya muasi, akamwita Jamila. Aliyepewa jina jema na wazazi wake asinyang'anywe kwa mzaha.

Pili, katika Suratul Hujurat, aya ya 11, Allah (S.W) ametukataza kudharauliana na kuitana kwa majina ya kejeli. Si kila lakabu ni haramu. Lakabu anayoiridhia mwenyewe haina ubaya, kama ile ya Abu Huraira (R.A) iliyotokana na kapaka. Lakini kuitika si lazima kuwa ni kuridhia. Mgeni huitika kwa kuwa hana la kufanya.

Tatu, mwenye babu aitwaye Mabruki, Feruzi au Faraji asione haya hata kidogo. Aibu ni ya aliyeteka. Majina hayo yana maana njema, na waliobeba majina hayo waliyatukuza kwa kazi zao na kwa subira yao.

Nne, elimu haipotei. Bombay alijifunza lugha katika hali ya dhiki, na lugha hiyo ndiyo iliyomfungulia mlango. Mwanafunzi anayelalamikia mkeka na ubao aukumbuke mfano huu.

Kwa upande wetu walimu, tumelichana lile daftari na kuandika jingine. Kila mwanafunzi ameandikwa jina lake, la baba yake na la babu yake. Yule kijana tulimwita mbele ya darasa tukamwomba radhi, kisha akalitaja jina lake lote na wenzake wakalirudia kama wanavyorudia aya. Nanyi mnaosoma makala hii, tunawaomba jambo moja: leo mkifika nyumbani mwulizeni rafiki yenu mnayemwita kwa utani jina lake kamili, na mlikumbuke.

Allah (S.W) awarehemu wote waliotekwa na majina yao yakasahaulika kwa watu, kwani kwake Yeye hakuna lililosahaulika. Amin.

Wabillahi tawfiq.