Chemirocha: Sauti Iliyopewa Miguu

Filamu za awali zilimwonyesha mcheza ngoma, lakini hazikutusikilizisha mdundo wake. Santuri ilifanya kinyume: ilileta sauti bila mwili. Kwa njia hiyo ya pili, Mmarekani mmoja alifika katika nchi ya Wakipsigis, nao wenyeji wakamtafutia mwili.

Jimmie Rodgers alizaliwa mwaka 1897, mwana wa mfanyakazi wa reli. Mji wa Meridian, jimbo la Mississippi, ndio aliouita kwao. Naye akawa mhudumu wa breki katika magarimoshi, hadi kifua kikuu, kilichogunduliwa mwaka 1924, kilipomkatiza kazi hiyo. Akageukia gitaa. Agosti 1927, huko Bristol, Tennessee, alirekodi kwa mara ya kwanza, na punde sauti yake ya kuruka kutoka kifuani hadi kichwani ikavuma. Mwaka 1929 aliigiza katika filamu fupi yenye sauti. Alifariki New York tarehe 26 Mei 1933, akiwa na umri wa miaka 35, siku chache tu baada ya kurekodi huku akipumzika kitandani baina ya nyimbo.

Hata hivyo, safari yake haikukoma. Mwaka 1950, Hugh Tracey alirekodi huko Kapkatet, si mbali na hapa Kaplong, wasichana wa Kipsigis wakiongozwa na Chemutoi Ketienya. Walimwimba Chemirocha, kiumbe nusu mtu nusu paa, wakimwalika acheze ngoma ya kuruka.

Aghalabu kisa hiki husimuliwa kwa kicheko, kana kwamba ni ujinga wa washamba. Nami napinga. Kipsigis haitofautishi konsonanti ghuna na sighuna kama Kiingereza kifanyavyo; kwa hiyo sauti ya kwanza ya Jimmie na ile iliyo katikati ya Rodgers zote mbili zimekuwa *ch*. Hiyo ni kanuni wala si kosa. Isitoshe, sauti inayoruka imepewa miguu irukayo. Hiyo nayo ni fasihi.

Mwanafunzi anayefunzwa kuucheka wimbo wa nyanya yake hatauhifadhi. Walimu, watumeni wanafunzi wenu kwa wazee wakarekodi nyimbo za ngoma, pamoja na maelezo ya hatua zake. Tusibaki na sauti bila miguu.